Gurudumu la Spoku Sita

Karakana, 2 Machi

Mdogo wangu Timazi,

Jumatano ya tarehe tatu Februari, saa mbili kasorobo asubuhi, nyumba hii ilipoteza fundi mmoja, baba mmoja na mdogo mtu mmoja, na wote watatu waliondoka na mkoba mmoja wa vifaa. Leo ni siku ya ishirini na saba. Uliaga siku tatu. Nimegawanya: umezidisha mara tisa.

Sasa salamu. Sisi wazima. Binti yako ameng'oka jino la pembeni, kalifunga kwenye karatasi anangoja ulione. Jirani yetu mshona viatu anakusalimu, anauliza kama kule unakokaa watu wanavaa viatu. Mimi sijambo, isipokuwa mgongo unanikumbusha mwaka niliozaliwa. Mashine kubwa ya kuchomelea ilikuwa inakata umeme, sasa imepona.

Naandika barua kwa sababu simu yako inapokelewa na mtu mpole kupita kiasi. Anasema umeikabidhi ofisini kwa hiari yako. Nikamwuliza, "Yuko hai?" Akasema, "Yupo, anafagia majani." Nikamwambia, "Mwambie hapa pia tuna uwanja." Akacheka. Sikuwa natania.

Tuliweke sawa jambo lenyewe. Wale watu wa kituo cha Wabuddha waliagiza geti la milango miwili, na gurudumu la chuma katikati. Tukawapelekea. Wakasema gurudumu silo. Ukaenda kulibadilisha: siku moja kukata, moja kuchomelea, moja kupaka rangi. Michoro ya wateja siku hizi haisomeki, hilo nalijua. Lakini gurudumu kukosewa si sababu ya fundi kubaki nalo.

Binti yako, Mama Maswali kama ulivyomwita mwenyewe, ameniuliza mara nne geti hilo lina urefu gani hata lisiishe. Nimemwambia ni refu.

Unarudi lini? Niandikie tarehe. Maelezo sihitaji.

Dada yako.


Kituoni, 29 Machi

Dada, shikamoo.

Barua yako ilifika tarehe kumi na nne. Jibu la kwanza nililichana. Natumaini mgongo umetulia; usinyanyue bapa za chuma za futi ishirini peke yako. Mwambie mshona viatu kwamba hapa viatu vinabaki mlangoni, kwa hiyo biashara yake haina matumaini. Mimi mzima. Nimepungua kidogo, maana hapa hatuli baada ya saa sita mchana. Najua utakachosema.

Geti limekaa vizuri, bawaba hazilii. Gurudumu jipya nililipima kwa kipimapembe, digrii arobaini na tano kila pengo, spoku nane. Lile la spoku sita halikutupwa. Nilikuwa nimeliegemeza ukutani nilikate liwe chuma chakavu, mtawa mzee akalichukua akalitundika bustanini, juu ya bomba la maji. Huyu zamani alikuwa mkaguzi wa mizani sokoni, mngeelewana. Akaniambia, "La sita nalo lina kazi yake. Ziko nchi za milimani wanakochora gurudumu la vyumba sita. Kiumbe anazaliwa, anakufa, anazaliwa tena, anahama chumba tu, nyumba ni ileile. Hilo ni gurudumu la kuzungushwa. La nane ni la kutokea." Nikamwambia aliyelitengeneza hakuwa na habari hizo. Akasema, "Wengi wetu hatuna."

Buddha si mungu wao, kama wewe na mimi tulivyodhani tulipopokea oda. Neno lenyewe maana yake ni aliyeamka. Alikuwa mtu, mwana wa mtawala, yapata miaka elfu mbili na mia tano iliyopita, chini ya milima mirefu ya kaskazini mwa bara Hindi. Alipoamka, hotuba ya kwanza aliwapa watu watano tu, kwenye bustani ya swala. Hotuba hiyo wanaiita kuzungusha gurudumu. Alisema mambo manne. Maisha yana dukha. Dukha ina chanzo, nacho ni kiu, kule kutaka na kutaka tena. Kiu ikikoma, dukha nayo inakoma. Na ipo njia ya kuikomesha, yenye sehemu nane: kuona sawa, kunuia sawa, kusema sawa, kutenda sawa, kutafuta riziki sawa, kujitahidi sawa, kuwa macho sawa, kutulia sawa. Ndizo spoku zenyewe.

Dukha wengi huitafsiri mateso. Mtawa mzee anasema wapo wanaodhani neno lilianzia kwa mafundi wa mikokoteni: tundu la ekseli lililotobolewa vibaya. Gurudumu linazunguka, mkokoteni unakwenda, lakini aliyepanda anarushwarushwa siku nzima na hajui kwa nini. Dada, nilipoambiwa hivyo nilikuwa nimeshika brashi ya rangi, ndiyo siku ya tatu, narudi nyumbani kesho yake. Niliiweka chini ile brashi.

Msalimie Mama Maswali. Jino alitunze.

Tarehe bado sijaijua.

Mdogo wako, Timazi.


Karakana, 11 Aprili

Timazi,

Shikamoo yako imesafiri siku kumi na tatu. Marahaba, ingawa imefika imepoa.

Huku salama. Binti yako amekuwa wa tatu darasani kwa hesabu na wa kumi na tisa kwa nidhamu. Mwalimu anasema anauliza mno. Tumepata kazi ya ngazi ya chuma ya ghorofa mbili, vidato thelathini na nne. Nimeajiri mchomeleaji mwingine. Mshono wake umenyooka kama mkia wa mbwa, lakini anakuja kila siku, na sifa hiyo siku hizi naithamini.

Mambo manne yako nimeyasoma nikiwa kazini, kofia ya kuchomelea kichwani. Hayana ugeni. Mteja anakuja, geti lake linakwama. Moja, linakwama. Mbili, linakwama kwa sababu nguzo imeinama. Tatu, nguzo ikinyooshwa halitakwama. Nne, leteni jeki. Nimeifanya kazi hiyo miaka ishirini na saba bila kunyoa kichwa. Huyo bwana naona alikuwa fundi mzuri, na ugomvi naye sina. Ugomvi wangu ni na fundi aliyeitwa kurekebisha geti akahamia.

Unasema chanzo ni kutaka. Baba na mama walipofariki ulikuwa na miaka kumi na mmoja, mimi kumi na tisa. Nilitaka. Nilitaka uende shule, nilitaka paa lisilovuja, nilitaka grenda iliyo yangu badala ya kuazima. Nisingetaka, leo ungekuwa na nini cha kukikataa?

Mkeo alipofariki ulinipa mtoto wa miaka miwili mikononi, ukasema, "Dada, nishikie kidogo." Sasa ana miaka tisa. Hicho kidogo kina miaka saba. Sikuwahi kulalamika, kwa sababu ulikuwa ukirudi kutoka kazini unamchukua mgongoni kabla hujanawa mikono. Nguo zake zote za nyuma zina alama za grisi. Sijazitoa.

Kiti chako cha mezani kiko wazi. Juzi fundi mpya alikikalia. Binti yako akamwambia, "Hicho kina mtu." Yule bwana akatazama kulia, akatazama kushoto, akainuka na sahani yake.

Niliuliza lini. Hujajibu.

Dada yako.


Kituoni, 30 Mei

Dada, shikamoo.

Samahani kwa ukimya. Tulikuwa na mwezi mzima wa kutosema, kutosoma na kutoandika, na barua yako ilikaa ofisini mpaka wiki hii. Hongera ya ngazi. Hakikisha vidato vina kimo kimoja. Kimoja kikizidi hata unene wa kidole, watu watajikwaa palepale kila siku na watalaumu viatu vyao.

Habari ya kiti ilinigusa kuliko ulivyokusudia. Wafuasi wa mwanzo, kwa miaka mia kadhaa baada ya Buddha kufa, inaonekana hawakuwa wakichonga sura yake. Walichonga gurudumu, au alama za nyayo mbili, au kiti kitupu chini ya mti. Sanamu hizi zenye uso wa utulivu zilikuja baadaye. Kiti kitupu kilikuwa kinasema: alikuwepo, na huwezi kumshika. Kwenye ukumbi wetu ipo picha ya mchongo wa namna hiyo. Naipangusa vumbi kila asubuhi.

Chini yake kuna bakuli la kuombea chakula, na ua la yungiyungi lililochongwa kwa mbao. Yungiyungi mizizi yake imo topeni, ua liko juu ya maji, safi. Nao mti ni aina ya mtini. Chini ya mti kama huo ndipo alipoketi.

Nikusimulie alivyofika hapo. Alilelewa ndani ya kuta, baba yake akamfichia kila kibaya. Siku akatoka akaona mzee, siku nyingine mgonjwa, siku nyingine maiti, na ya nne mtawa mwenye uso mtulivu. Akiwa na miaka ishirini na tisa alipanda farasi akaondoka. Miaka sita alijinyima chakula msituni hata akashika tumbo akagusa uti wa mgongo. Akaona haisaidii. Raha ya kupita kiasi haikumwamsha, na njaa ya kupita kiasi haikumwamsha, akachukua njia ya katikati. Chuma nacho, ukikipoza ghafla kinapasuka, ukikiacha laini kinapinda. Akaketi, akaamka. Akafundisha miaka arobaini na mitano.

Wanasema hakuna kinachodumu, na kwamba huyu "mimi" tunayemlinda ni vipande vilivyochomelewa pamoja kwa muda. Na mwisho wa kiu wanauita kuzimika, kama moto uliokosa cha kuunguza.

Naomba uelewe neno moja. Sijawaacha, dada. Ninajifunza kuachilia. Chuma cha moto kinamuunguza yule aliyekikamata.

Mpe salamu Mama Maswali.

Timazi.


Karakana, 9 Juni

Timazi,

Marahaba. Ngazi imekwisha, vidato thelathini na nne, nimevipima mwenyewe kimoja kimoja. Mshona viatu anaumwa goti, anatembea na fimbo aliyoikata refu mno, ukimwona unadhani anavua samaki. Binti yako ameongezeka kimo sentimita mbili tangu Februari. Nimeweka alama kwenye fremu ya mlango, palepale ulipokuwa ukiziweka.

Nimenunua kitabu cha maisha ya huyo mwalimu wako, Buddha, kwa muuza vitabu chakavu. Kurasa mia mbili na kumi na mbili, mmoja umeliwa na panya. Hesabu yako inakaa: ishirini na tisa, sita, arobaini na tano, jumla themanini, ndiyo miaka aliyokufa nayo. Lakini umenisimulia farasi, umenisimulia msitu, umenisimulia tumbo na uti wa mgongo, ukamruka mtoto. Ukurasa wa thelathini na moja. Alipoondoka aliacha mke amelala na mwana mchanga pembeni. Na jina la yule mwana, wanasema, maana yake ni pingu.

Mimi ni mtu wa vyuma. Pingu haina ncha moja. Ikiwa imemfunga baba, upande wa pili kuna mkono wa mtu.

Sasa maneno yako mawili. Nimeyaandika kwa chaki juu ya bapa, nikayahesabu. Kuacha, herufi sita. Kuachilia, tisa. Kwa aliyeshika, huenda hizo herufi tatu ni safari ndefu, sibishi. Lakini aliyeshikwa hazioni. Mtu akikushika mkono juu ya ngazi, kisha akafungua vidole kwa moyo safi kabisa, sakafu haiulizi habari za moyo.

Jambo la haki, kwa kuwa nakudai ukweli. Jumapili binti yako alikuwa sakafuni anachora. Kachora duara kwa bikari, kisha bila kubadili upana wa bikari akaitembeza ukingoni. Hatua sita, karudi alipoanzia. Nikamwuliza, "Nani kakufundisha hivyo?" Akasema, "Wewe, shangazi. Ulisema ni bure, duara lenyewe linakugawia." Ndivyo tunavyogawa maduara yote hapa: maua ya grili, nyota za mageti, magurudumu. Sita, kwa sababu sita haitaki hesabu.

Karatasi ya wale watu ninayo kwenye droo ya vipimo. Inasema spoku nane, kwa tarakimu na kwa maneno. Niliisoma, halafu mkono ukaenda sita kwa mazoea. Nilikuandikia kwamba michoro haisomeki. Inasomeka. Spoku mbili nilizosahau mimi ndizo zilizokupeleka huko, na kila nikifungua droo nakutana nazo.

La mwisho. Mama Maswali hajauliza unarudi lini tangu wiki ya pili ya Mei. Nilidhani siku akinyamaza nitapumzika.

Dada yako.


Kituoni, 21 Juni

Dada, shikamoo.

Pole ya mshona viatu. Fimbo ipimwe kuanzia kifundo cha mkono hadi sakafuni, mwambie aikate.

Nimeisoma barua yako nikiwa bustanini, karibu na bomba. Kosa la spoku si lako. Ijumaa kabla geti halijapakiwa nilipita nyuma yako ukiwa umeinama unachomelea. Nilihesabu. Sita. Karatasi ya mteja ilikuwa mezani, nami najua kusoma. Nilikuwa na sekunde kama tano za kusema, "Dada, simama." Sikusema. Nilijua watalikataa, na nilijua nitatumwa mimi. Nilitaka siku tatu mahali ambapo hakuna anayenijua, nikalale, nisiamke na kukumbuka kwamba upande wa pili wa kitanda hakuna mtu. Miaka saba nilikuwa nakwenda kazini narudi, nakwenda narudi. Geti halikuwa limekwama, dada, ila lilikuwa linalia kila likifunguliwa, na nilikuwa nalisikia mimi peke yangu.

Zile siku tatu zikawa hivi ulivyoona.

Sasa ombi. Tarehe ishirini na nne Julai, siku ya mwezi mpevu, ndiyo siku wanayokumbuka lile gurudumu la kwanza kuzungushwa. Siku hiyo nataka kuvaa joho la utawa. Mbele ya watawa nitaulizwa maswali ya zamani sana. Wewe ni binadamu? Mwanamume? Uko huru, si mtumwa wa mtu? Huna deni? Umetimiza miaka ishirini? Wazazi wako wameruhusu? Yote nitajibu mwenyewe isipokuwa la mwisho. Wazazi hatuna, na kwa mkuu wa kituo nimesema kweli, kwamba mzazi wangu ni wewe tangu nikiwa na miaka kumi na mmoja. Amesema basi sahihi ni yako. Hati nimeiambatisha. Bila hiyo hawanipokei.

Kuhusu Mama Maswali, sentensi hii nimeianza mara tano.

Timazi.


Karakana, 4 Julai

Timazi,

Marahaba. Tuko salama. Fimbo imekatwa, mshona viatu anasema sasa anaonekana mtu mwenye heshima. Mimi sijambo.

Hati nimeiona. Kabla yake nimalize habari ya kitabu. Nimefika ukurasa wa tisini na nne. Kumbe Buddha alirudi nyumbani. Ilimchukua miaka saba, lakini alirudi, na bakuli mkononi. Mama wa mtoto akamwonyesha mwanawe: yule pale ndiye baba yako, nenda ukamwombe urithi wako. Mtoto akamfuata barabarani akimwomba. Urithi aliopewa ni kunyolewa na kuvishwa joho. Ndipo babu yake akaenda kulalamika. Uliondoka wewe, akasema, nikaumia. Sasa na mjukuu. Kuanzia leo msimchukue mtoto wa mtu kabla wazazi wake hawajakubali. Na yule mwalimu hakubishana na mzee, akaifanya sheria. Kwa hiyo karatasi uliyonitumia, Timazi, ipo kwa sababu mtu mmoja wa nyumbani alisema imemuuma. Katika habari zote za dini hiyo, hii ndiyo niliyoielewa bila kurudia mstari.

Ila ina kasoro. Inatazama juu tu. Inamwuliza mzazi wa anayeondoka, haimwulizi mtoto wake.

Na kwa kuwa umenifundisha kuhesabu spoku, nimelikagua gurudumu lako. Ya tatu ni kusema sawa: ulikuwa na sekunde tano ukanyamaza, ukaniacha nibebe kosa miezi mitano. Ya nne ni kutenda sawa: kuna mtoto. Nane ukitoa mbili, sita. Mimi nilikosea kwa mazoea. Wewe ulikosea ukiwa umehesabu. Sikuandikii haya ili nikukomoe. Ulichoandika kuhusu kitanda na geti linalolia nimekisoma peke yangu, mlango nimefunga, na nitasema hivi tu: ungeniambia ningekupa mwezi, ningekupa miwili, ningelibeba geti hilo mwenyewe. Tunaishi nyumba moja. Sikulisikia, na hilo ni langu.

Juzi nilimwuliza binti yako, "Mbona siku hizi huna maswali?"

Akasema, "Limebaki moja."

"Lipi?"

"Si lako, shangazi."

Kumbe barua zako anazisoma. Droo ya vipimo haina kufuli. Alikaa kwenye kile kiti asichoruhusu mtu kukikalia, akaliandika swali lake kwenye karatasi, akalikunja mara nne, akaniambia nisifungue. Nikafungua. Mimi ndiye mzazi, umesema mwenyewe kwa maandishi. Nimelikunja tena, liko humu ndani, lakini nalinakili hapa ili usije kusema limepotea njiani:

"Baba, umeniacha au umeniachilia? Jibu kwa sentensi kamili."

Barua hii haiji kwa posta. Inaletwa na dereva wa lori tunalokodi, anapeleka grili mji unaofuata baada ya kituo chenu. Utaipata Jumanne tarehe sita. Tarehe kumi na tano atapita tena akirudi, atasimama mbele ya lile geti letu la hapo kituoni, nimemwambia dakika kumi na asizime injini.

Hati yako nimeitia sahihi leo asubuhi, jina langu lote, kwa wino. Sitaki kesho useme dada alikuzuia kutoka. Lakini iko kwa dereva ndani ya bahasha, na maagizo anayo. Ukimpa jibu la mtoto, atakupa bahasha. Sijaweka sharti jibu liwe lipi. Ukiandika umemwacha, chukua bahasha, nami nitamsomea hivyo hivyo na nitakuwepo pale akisikia. Ukiandika umemwachilia, chukua bahasha, lakini umweleze tofauti kwa maneno ambayo mtoto wa miaka tisa, wa tatu kwa hesabu, hatayakuta na kosa. Ukiandika kwamba unakuja, bahasha haina kazi, panda lori, mbele kuna nafasi ya mmoja. Ukinyamaza, dereva ataondoka nayo, na nitaichana. Hapo utakuwa umekimbia tu, na kukimbia sitakutilia sahihi.

Sikuulizi tena lini. Nauliza alichouliza yeye, umemwacha au umemwachilia, na nataka jibu kwa mwandiko wako, mkononi mwa dereva, Alhamisi tarehe kumi na tano Julai, saa nne kamili asubuhi.

Dada yako.